Chini ya Kikombe

Kikondo, mwezi wa saba. Ukungu umeingia darasani
bila hodi, umekaa dawati la nyuma
kwenye nafasi za watoro.
Watoto arobaini na wanne, masweta hadi kidevuni,
mikono wameificha kwapani,
nami leo nahitaji vidole.

Nimekuja na kopo la maharage ya njano,
saba kwa kila wawili.
Nilipoyachambua jana usiku karibu na moto
mama mkwe aliuliza, hiyo ni mbegu au mboga?
Nikamjibu, hesabu.
Alicheka mpaka moshi ukampalia.

Kumi na mbili haina siri:
ukiitaja tu, imeshakutajia baba na mama.
Lakini saba amefunga mdomo.
Sita vilevile. Tisa ndiyo kabisa.
Hawa lazima uwabanje kama karanga
uone ndani wamelala wangapi.

Gawanyeni, nasema. Kushoto na kulia.
Si lazima yalingane.

Gwakisa: matatu na manne.
Tusekile: matano na mawili, haraka, kisha anapiga miayo.
Ambilikile ana pacha wake nyumbani, anahara wiki nzima,
na kwake yeye lazima yalingane.
Harage moja limebaki katikati.
Analipeleka huku. Analirudisha. Machozi yanamlenga.
Mwishowe analing'ata, bichi, gumu kama changarawe,
kipande huku, kipande kule.
Nusu hatujafika. Nusu ni ya mbele huko.
Nikapita kama sikuona.

Sekela: sita na moja.
Akageuza: moja na sita.
Akanikazia macho kama niliyemdhulumu.
"Mwalimu, si yaleyale? Yamehama tu."
Miaka miwili nimekaa chuo,
madaftari manne nimejaza,
hakuna aliyenipa maneno mafupi namna hiyo.

Halafu kikombe.
Cha plastiki, bluu, mdomo umemeguka.
Nafunika upesi. Nje yamebaki manne.
Ndani?

Kimya. Bati linadondosha umande.
Vidole vinatoka kwapani kimoja kimoja
kama vifaranga vinavyochungulia mvua.
"Matatu!"
Nafunua. Matatu.
Wanashangilia utadhani ni mimi
niliyekuwa sijui.

Sasa fanyeni wenyewe, zamu kwa zamu,
kwa vikombe vyenu vya uji.

Lugano hajasema neno tangu Jumatatu.
Nje ameyapanga sita, mstari ulionyooka kama tuta la viazi.
Kikombe kimefunika.
Ndani kuna nini, Lugano?
Hakufunua. Alikishika kwa viganja viwili
kama chenye uji wa moto.
"Saba ni sita na Baba."

Baba yake yuko Chunya, machimboni,
tangu pareto ya mwaka juzi.
Jioni mama anapakua sahani saba,
moja anaifunika kwa sahani nyingine.
Asubuhi kiporo kile kinagawanywa kwa sita.
Hesabu hiyo nayo hatujafika.

Kalamu nyekundu ilikuwa sikioni.
Niliitoa, nikaikaa nayo mkononi muda mrefu
mpaka wino ukaganda kwa baridi
na kuandika ikabidi niipumulie.
Nikatia vema.
Vema kubwa, ikavuka mstari wa pambizo.

Kengele ni rimu ya lori, Gwakisa ndiye anayeipiga
kwa nguvu kuliko inavyohitaji.
Walitoka mbio kuufuata ukungu, nao ukawameza,
wanne, kisha kumi, kisha wote,
zikabaki sauti.
Nilikusanya maharage dawati kwa dawati.
La Lugano nililifikia mwisho,
nikachukua yale sita.
Kikombe sikukigusa.

Jioni mama mkwe alilitikisa kopo karibu na sikio.
Akasema, yamepungua.
Hayajapungua, mama, nikamwambia.
Yamehama tu.